N. S. Krishnan, Mchekeshaji wa Watamil Aliyerudi Kutoka Gerezani

Watu wengi hudhani ya kuwa kuchekesha ni kazi nyepesi, tena ni kazi ya mtu aliyeshindwa na kazi nyingine. Mtu akivaa kofia upande na kujiangusha mara mbili tatu jukwaani, basi huitwa mchekeshaji. Lakini yeyote aliyepata kusimama mbele ya watu mia, akatoa neno la kuchekesha nao wakamkodolea macho tu, anajua ya kuwa sivyo. Katika makala haya nataka kuwaelezeni habari za mtu mmoja wa kusini ya Bara Hindi, ambaye kwa miaka ishirini na zaidi aliwachekesha watu wa taifa lake. Alitiwa gerezani kwa mashitaka mazito kuliko yote, na alipotoka aliwachekesha tena. Mtu huyo ni N. S. Krishnan.

Kwanza yafaa tujue watu wake. Watamil ni watu wa kusini-mashariki ya Bara Hindi na wa kaskazini na mashariki ya kisiwa cha Sri Lanka, ambacho zamani kiliitwa Ceylon. Lugha yao ni ya kale sana, na mashairi yao ya kwanza yaliandikwa yapata miaka elfu mbili iliyopita. Mji wao mkuu ni Madras, ambao tangu mwaka 1996 huitwa Chennai. Katika mji huo ndimo zinamotengenezwa sinema za Kitamil, na sinema kwao si mchezo wa kupitisha jioni tu, bali ni shule, ni jukwaa la siasa, na ni barza ya mazungumzo ya taifa zima.

Tena kwa desturi yao herufi zilizotangulia jina si pambo. Herufi N ni ya mji wa Nagercoil, na S ni ya jina la baba yake, Sudalaimuthu. Krishnan alizaliwa tarehe 29 Novemba 1908 katika kitongoji cha Ozhuginasery, karibu na mji huo wa Nagercoil, mwisho kabisa wa Bara Hindi upande wa kusini. Wazazi wake walikuwa maskini, na masomo yake yalikatika angali katika madarasa ya chini. Alifanya vibarua vya kila namna, na husimuliwa kwamba kimoja kilikuwa kuuza vitafunio katika jumba la michezo ya kuigiza. Huko alikuwa akiuza kwa mkono na kutazama kwa jicho.

Sanaa yake ya kwanza ilikuwa ya shamba, nayo huitwa villu pattu, maana yake wimbo wa upinde. Huwekwa upinde mkubwa chini, umetundikwa kengele, na mwimbaji huupiga kwa fimbo huku akisimulia hadithi. Wenziwe humwitikia, humwuliza maswali, humtania, naye huwajibu papo hapo. Msomaji aliyepata kumsikia mtambaji hodari wa hadithi ataelewa mara moja faida ya mafunzo hayo. Mtu hujifunza kuitupa sauti, kulishika neno mpaka wakati wake ufike, na kumjibu mtani bila ya kujiandaa.

Baadaye akaingia katika jamii ya waigizaji ya ndugu wa T. K. S., iliyokuwa na sifa kubwa katika nchi yote ya Watamil. Siku hizo jamii nyingi za michezo zilikuwa za watoto wa kiume. Watoto walikaa pamoja kama wanafunzi wa bweni, wakafundishwa na mwalimu mkali kuimba, kucheza ngoma, kuhifadhi maneno na kusema kwa sauti ya kufika nyuma ya ukumbi, maana vipaza sauti havikuwako. Hata sehemu za wanawake ziliigizwa na wavulana. Leo mtoto alikuwa mfalme, kesho mtumishi, keshokutwa bibi kizee. Katika malezi hayo Krishnan alipata ujuzi wa namna nyingi, akawa mwimbaji, mwigizaji, mtunzi wa mazungumzo na mpangaji wa mchezo mzima. Neno hili tulishike, kwa kuwa ndilo litakalotufaa mbele ya safari.

Sinema ya kwanza ya Kitamil yenye kusema ilionyeshwa mwaka 1931. Miaka mitano baadaye, yaani 1936, ikatoka sinema iitwayo Sathi Leelavathi, iliyotengenezwa na Mmarekani mmoja, Ellis R. Dungan, ambaye hakuwa na Kitamil. Ilikuwa ni hadithi ya mtu aliyeharibiwa na ulevi. Katika sinema hiyo Krishnan alikuwamo, na pamoja naye alikuwamo kijana mwingine mwenye sehemu ndogo, M. G. Ramachandran, ambaye mwaka 1977 alikuja kuwa Waziri Mkuu wa jimbo zima la Tamil Nadu.

Mwaka huo huo wa 1936 Krishnan alisafiri kwenda Poona kutengeneza sinema ya Vasanthasena, na katika kazi hiyo akakutana na mwigizaji mwanamke, T. A. Mathuram. Wakaoana, na tangu hapo wakawa kama kinu na mchi. Ilikuwa shida kumtaja mmoja bila ya kumtaja mwenzake. Katika michezo yao mara nyingi mume hujitia kujua, akajisifu, akatoa hoja ndefu, na mke kwa maneno machache akamwangusha. Watu walicheka, lakini walikuwa wakimwona mwanamke mwenye akili na ulimi wake mwenyewe. Katika sinema za siku zile hilo halikuwa jambo la kila siku.

Hapa yafaa nieleze jinsi kazi yao ilivyofanyika. Sinema ya Kitamil ya siku hizo ilikuwa ndefu, saa tatu au zaidi, yenye nyimbo nyingi na machozi mengi. Kwa hiyo kichekesho kilitiwa katikati kama chumvi katika mchuzi. Mara nyingi hakikuhusiana sana na hadithi yenyewe. Watengenezaji walimkabidhi Krishnan sehemu hiyo, naye akatunga maneno, akachagua waigizaji kutoka jamii yake mwenyewe, akaifundisha, akaiigiza. Ikawa kama sinema ndogo ndani ya sinema kubwa. Watu wengine walikata tikiti kwa ajili ya sinema hiyo ndogo, na jina la Krishnan na Mathuram likawa ni mali kwa mfanyi biashara ya sinema.

Je, aliwachekesha kwa nini? Hakuwacheka vilema wala maskini. Aliwacheka wenye kiburi, wachoyo, walevi, waganga wa uongo, na wale wanaodhani ya kuwa mtu huwa bora kwa kuzaliwa tumbo fulani. Kama tujuavyo, katika Bara Hindi watu waligawanyika kwa matabaka ya kuzaliwa, na walio chini kabisa walikatazwa hata kuteka maji kisimani pamoja na wenzao. Krishnan aliupenda uongozi wa Gandhi, na pia aliyapenda mafundisho ya E. V. Ramasamy, aliyeitwa Periyar, ambaye alipinga matabaka kwa ukali na hakuelewana na chama cha Gandhi. Watu wa pande hizo mbili walizozana kila siku, lakini Krishnan aliwachekesha wote. Alisema jambo ambalo likisemwa na mhubiri watu hukasirika, na likisemwa na yeye watu hucheka kwanza, hata wakifika nyumbani ndipo huanza kulifikiri.

Mnamo Oktoba 1944 ikatoka sinema ya Haridas. Nyota wake alikuwa M. K. Thyagaraja Bhagavathar, mwimbaji aliyependwa kuliko mwigizaji yeyote wa Kitamil wakati huo, na Krishnan na Mathuram walikuwamo kwa upande wa kichekesho. Sinema hiyo ilionyeshwa mfululizo katika jumba moja la Madras zaidi ya miaka miwili. Lakini hata mwezi haujatimia tangu itoke, msiba ulibisha hodi.

Palikuwa na mwandishi wa gazeti mjini Madras aliyeitwa C. N. Lakshmikanthan. Gazeti lake lilijaa habari za siri za wachezaji wa sinema, za kweli na za uongo, na watu walisema ya kuwa wengine walimlipa fedha ili anyamaze. Wakuu wa sinema, Bhagavathar na Krishnan wakiwa miongoni mwao, walimpelekea Gavana malalamiko, na ruhusa ya gazeti ikafutwa. Lakshmikanthan akaanza tena kwa gazeti jingine. Basi tarehe 8 Novemba 1944 alivamiwa njiani katika mtaa wa Vepery akachomwa kisu, na kesho yake akafa hospitalini.

Mwezi Desemba polisi wakawakamata watu kadhaa, na miongoni mwao wamo Bhagavathar na Krishnan. Hawakushitakiwa kuwa walishika kisu, bali ya kuwa walikula njama. Nchi nzima ilishangaa. Sauti ya Bhagavathar ilikuwa ikisikika kila jioni katika jumba la sinema, watu wakimlilia na kumcheka Krishnan, na wenyewe wawili wako nyuma ya vyuma katika mji ule ule. Mwezi Mei 1945 Mahkama Kuu ya Madras, kwa uamuzi wa juri, iliwatia hatiani, wakahukumiwa kifungo cha maisha. Wakakata rufani huko huko Madras, ikatupwa.

Lilibaki tumaini moja tu, nalo lilikuwa mbali, ng'ambo ya bahari. Katika dola ya Kiingereza mtu aliweza kupeleka rufani yake ya mwisho mbele ya Baraza la Mfalme huko London. Baraza hilo hilo lilisikiliza pia rufani za mwisho kutoka Mahkama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki siku za ukoloni, na wazee wetu waliosoma sheria walilijua vema. Njia hiyo ilikuwa ndefu na ya gharama nyingi. Mwenye fedha kidogo aliiona kama mwezi, huuona lakini haufikii.

Hapa ndipo kazi ya Mathuram ilipoonekana. Mume yuko kifungoni, kazi ya sinema imesimama, mawakili wanataka fedha, na waigizaji wa jamii yao wanataka kula. Hakukaa akalia. Aliendelea na jamii ya michezo, na S. V. Sahasranamam, mwigizaji hodari, akaiongoza. Wakatunga mchezo ulioitwa Paithiyakkaran, maana yake Mwenda Wazimu, wakauonyesha, kisha wakaanza kuufanya sinema ili wapate fedha. Mume alikuwa amefundisha watu, na wale aliowafundisha waliweza kusimama bila yeye.

Baraza la London liliisikiliza rufani hiyo, likairudisha kesi Mahkama Kuu ya Madras isikilizwe upya. Majaji wawili wakaupima ushahidi mara ya pili, wakaona hauaminiki. Mwezi Aprili 1947 Bhagavathar na Krishnan wakaachiliwa wote wawili, baada ya kukaa ndani zaidi ya miaka miwili. Miezi minne baadaye Bara Hindi nayo ikapata uhuru wake.

Sasa tufikie jambo ambalo kwangu mimi ndilo kiini cha habari hii. Watu wawili walitoka katika gereza moja mwezi mmoja. Mmoja alikuwa mkubwa zaidi kwa sifa na kwa mali. Lakini Bhagavathar hakupata tena cheo chake. Alitengeneza sinema nyingine, watu hawakuzipokea kama zamani, akafa mwaka 1959 kabla ya kutimiza miaka hamsini. Krishnan alirudi kazini mara moja. Sinema ya Paithiyakkaran ilikuwa haijamalizika. Wakamtilia sehemu mpya, naye Mathuram akaigiza watu wawili katika hadithi moja, na ikaonyeshwa mwaka ule ule wa 1947.

Kwa nini mmoja alirudi na mwenzake asirudi? Wengine husema ni bahati. Mimi naona bahati peke yake haitoshi kutueleza. Bhagavathar alisimama juu ya sauti yake na sura yake, na watu walimpenda kama mfalme wa hadithi. Ulimwengu wa hadithi zile ulipoanza kupita, na watu walipotaka maneno mapya badala ya nyimbo sitini, ufalme wake ukapita nao. Krishnan hakuwa mfalme wa chochote. Alikuwa fundi mwenye kapu la vyombo: akikosa sehemu katika sinema, hutunga, asipotunga, huongoza, asipoongoza, huimba na upinde wake kama alivyoimba utotoni. Tena mfalme akifungwa, heshima huvunjika. Mchekeshaji akifungwa, hurudi na visa vipya.

Mwaka 1949 alionyesha matunda ya kapu hilo katika sinema ya Nallathambi, yaani Ndugu Mdogo Mwema. Mwandishi wake alikuwa C. N. Annadurai, mwanasiasa na msemaji mashuhuri, aliyeiga kidogo sinema moja ya Kimarekani ya Frank Capra ya mwaka 1936. Ni habari ya mtu wa kawaida anayeletewa utajiri mkubwa ghafula, naye hautumii kwa anasa bali kwa kuwafaa maskini. Ndani yake mlisemwa sana ubaya wa ulevi, na wakati huo serikali ya Madras ilikuwa imepiga marufuku pombe mwaka uliotangulia.

Lakini sehemu ambayo wanafunzi wangeipenda zaidi ni hadithi ya Kindan, ambayo Krishnan aliisimulia kwa wimbo na mazungumzo. Watamil wana habari ya kale ya mtakatifu Nandan, mtumwa wa shamba wa tabaka la chini, aliyetamani maisha yake yote kuliona hekalu la Chidambaram. Krishnan akaigeuza. Kindan wake ni mtoto wa tabaka hilo hilo, ila hatamani hekalu, anatamani shule. Kijijini anazuiwa. Anapanda gari moshi, anakwenda mjini, anasoma, kisha anarudi akiwa mkaguzi wa shule. Na katikati ya hadithi Krishnan aliliimbia gari moshi lenyewe, huku akiiga mlio wake, akalisifu kwa kuwa limewabeba makuhani na watu waliodharauliwa katika behewa moja, likafanya kwa moshi na magurudumu kazi iliyowashinda wahubiri. Mtu huucheka mlio wa gari, na kabla hajamaliza kucheka amekwisha kumezeshwa dawa.

Baada ya hapo aliongoza sinema mwenyewe. Mwaka 1951 alitengeneza Manamagal, yaani Bibi Arusi, na kwa sinema hiyo Padmini, mcheza ngoma kijana, akawa nyota wa sinema za Kitamil. Mwaka 1952 aliongoza Panam, maana yake Fedha, yenye maneno ya M. Karunanidhi, na mwigizaji wake mkuu alikuwa Sivaji Ganesan. Tazameni jambo la ajabu: Annadurai alimwandikia, Karunanidhi alimwandikia, na Ramachandran alianza naye. Wote watatu, kwa zamu zao tangu mwaka 1967, walikuwa Mawaziri Wakuu wa jimbo lao. Mwaka 1956, katika sinema ya Raja Rani, aliimba wimbo wa kicheko, akaonyesha namna mbali mbali za watu kucheka, akizicheka zote kwa koo lake moja.

Hata katika siasa alitumia akili ile ile. Husimuliwa ya kuwa katika uchaguzi wa mwaka 1957 alikwenda Kanchipuram kumsemea Annadurai, ambaye mpinzani wake alikuwa daktari. Krishnan akasimama, akaanza kumsifu daktari. Akasifu ujuzi wake, akasifu huruma yake kwa wagonjwa, mpaka watu wa Annadurai wakatazamana. Mwisho akasema kwamba daktari mwema namna hii msimpeleke mbali bungeni, mtatibiwa na nani? Mwacheni hapa, mpelekeni Annadurai. Na Annadurai alishinda.

Fedha alizipata nyingi, lakini hazikukaa mkononi mwake. Alitoa kwa waigizaji wazee, kwa wanafunzi, kwa watu aliowajua na asiowajua. Gandhi alipouawa mwaka 1948, Krishnan alijenga mnara wa ukumbusho wake mjini Nagercoil kwa gharama yake mwenyewe. Wenye busara ya hesabu walimlaumu, na pengine walikuwa na haki, maana siku zake za mwisho alikuwa na dhiki. Hatuna haja ya kuificha aibu hiyo, ikiwa ni aibu. Watu waliomjua walimkumbuka zaidi kwa alichotoa kuliko kwa alichokosa kuweka.

Alifariki Madras tarehe 30 Agosti 1957, hajatimiza miaka arobaini na tisa. Mwaka huo alikuwa katika sinema ya Ambikapathy, ambayo ni hadithi ile ile aliyoichezea miaka ishirini kabla, mwaka 1937. Ilipotolewa yeye alikuwa amekwisha kwenda zake. Mathuram aliishi mpaka mwaka 1974.

Watamil humwita Kalaivanar, maana yake mtu wa sanaa. Wao husema sanaa, hawasemi vichekesho, na naona walichagua vema. Mwezi Januari 1969 Annadurai, wakati huo akiwa Waziri Mkuu, ingawa alikuwa mgonjwa sana, alitoka kwenda kuifunua sanamu ya rafiki yake mjini Madras. Kabla ya majuma matatu kwisha naye akafa. Liko pia jumba kubwa mjini humo liitwalo Kalaivanar Arangam, ukumbi wa Kalaivanar. Mwaka 2020, ugonjwa wa korona ulipowalazimisha watu kukaa mbali mbali, Bunge la Tamil Nadu lilihama katika ukumbi wake wa kawaida likafanya mikutano yake humo. Kwa hiyo wakubwa wa jimbo walitunga sheria zao chini ya jina la mtoto maskini aliyeacha masomo, akafungwa maisha, akaachiliwa, na ambaye silaha yake maisha yote ilikuwa kicheko.